Jina Nililoliacha Nje ya Orodha

Jana nilipanda kwenye mizani ya kupimia maharagwe pale sokoni, kwa sababu ile ya kituo cha afya tumeshachokana, ikasema kilo hamsini na nane. Mwaka jana majira kama haya nilikuwa na arobaini na tatu, na sketi zangu zote nilizibana kwa pini. Basi sasa naweza kuandika. Nilipokuwa mgonjwa nilijaribu mara mbili, nikasoma nilichoandika, nikaona ni barua ya kuomba huruma, nikaichana. Haya ya leo ni kwa ajili yako wewe uliyepewa kikopo cha plastiki ukaambiwa uteme makohozi ndani, na sasa umekaa kwenye benchi huku kila mtu akijidai hakuangalii. Naijua hiyo benchi. Nimeikalia miezi sita.

Naitwa Kavira. Tunakaa Vulamba, hapa Butembo, mimi na mume wangu Kasereka, fundi wa pikipiki, na watoto wetu wawili, Gloire na Josué. Kazi yangu ni kupiga chapa katika kibanda cha fotokopi karibu na soko: barua za kuomba kazi, karatasi za kuuza viwanja, matangazo ya misiba. Lakini kila Ijumaa, kwa miaka tisa, nilikuwa na kazi nyingine ambayo hakuna aliyeijua. Nilipanda teksi ya asubuhi kwenda Beni, nikashuka Mulekera, nikaingia katika kiwanja, lupango kama tunavyosema huku, chenye ua mrefu wa miti, nikamsomea mwanamke mmoja riwaya aliyokuwa akiiandika.

Nitamwita Mwalimu, kwa kuwa aliwahi kufundisha, na jina lake halisi hata leo sitalitaja. Yuko hai, usiwe na wasiwasi. Haya yote nimemsomea, akanifutisha mambo mawili, nimeyafuta. Jina analoandikia vitabu nalo naliacha. Ni jina la kiume, na ukiwa mtu wa huku umeshalisikia, pengine umeshabishana juu yake. Hapa Butembo wengine wanaapa kuwa huyo bwana ni padre, wengine kuwa ni jaji aliyehamia Kinshasa. Vitabu vyake saba vinasomwa mpaka jalada linatoka, halafu vinatolewa fotokopi, halafu fotokopi nayo inasomwa mpaka inatoboka. Nimewahi kuzitoa mimi mwenyewe hizo fotokopi, mteja ananisimulia kisa chote kana kwamba sikijui, nami nanyamaza. Nilijisikia mkubwa kwa huko kunyamaza. Likumbuke hilo, maana ndilo lililotaka kumuua.

Ungemsoma ungenielewa. Mwalimu anaandika jinsi wanawake wanavyozungumza kwenye bomba la maji bila kuwacheka hata mara moja. Ana riwaya nzima juu ya mwanamke anayeuza chumvi, kitabu cha kurasa mia tatu, na ndani yake hakuna anayekufa. Hapa kwetu, ambapo tumezika kiasi hiki! Nilimuuliza siku moja kwa nini. Akanijibu akiwa bado anaandika, kwa Kiswahili cha huku, ambapo wafu ni bafu na wazima ni bazima: "Bafu beko na batu mingi ba kubaandika. Bazima, nani anabaandika?" Tangu siku ile sijapiga chapa tangazo la msiba bila kujiuliza mwenye jina lile alipenda kula nini.

Nilimjua kwa kosa langu. Dereva mmoja wa pikipiki alileta kibandani madaftari sita ya shule yaliyofungwa kwa kipande cha kitenge, nikapiga chapa, na mahali pamoja nikarekebisha sentensi iliyoniudhi. Madaftari yakarudi na kijikaratasi: "Nani alikuambia uguse?" Nikajibu kwa hasira kwamba sentensi ile ilikuwa inachechemea. Wiki iliyofuata kikaja kingine, kikinielekeza njia ya Mulekera na kuniapisha nisimwambie mtu, hata mume.

Namna yake ya kufanya kazi sijaiona kwa mtu mwingine. Haamini sentensi mpaka aisikie katika kinywa cha mtu. Basi mimi nilikaa kwenye kiti nikasoma kwa sauti, naye alikaa mezani akinipa mgongo, kwa sababu anasema uso wa msomaji unamdanganya; akiuona unacheka, anaanza kuuandikia huo uso. Mkononi alishika kalamu. Sentensi ikisema uongo, aligonga meza mara moja. Tulirudia mpaka hakugonga. Saa nne, wakati mwingine saa sita, na madirisha yamefungwa kwa misumari ili jirani asisikie. Hakuwa mtu wa kuogopa watu. Alikuwa anawataka mno. Alisema siku watakapojua ni nani anayeandika, wataanza kuzungumza vizuri mbele yake, na hapo kazi yake itakuwa imekwisha. Kwa hiyo alikaa ndani ya ua wake, akalima mchicha, akawasikiliza kupitia majani.

Sasa ugonjwa.

Ulianza na mvua za kupanda maharagwe. Sauti yangu ilikuwa ya kwanza kwenda. Naimba kwaya ya parokia, sauti ya juu, na tulikuwa tunajiandaa kwa Noeli, kwa hiyo nani angefikiri jambo lingine? Wanakwaya wote tuligeuka waganga. Tangawizi, ndimu, asali, majani ya mpera. Nilisukutua koo mpaka likawa linawaka, na nikaendelea kusoma Ijumaa, nikiwa na sauti ya chuma kilichoshika kutu. Mwalimu aliipenda. Alisema mzee wa sura ya nne sasa anasikika kama mzee.

Halafu ikaja homa ya jioni, kila jioni saa ile ile. Halafu jasho, mpaka godoro nalianika. Halafu nyama ikaanza kunitoka mwilini bila kuaga. Pete ya ndoa ilianguka kwenye sufuria ya sombe, majani ya muhogo, Gloire akaipata katika sahani yake akafurahi sana. Mimi sikufurahi. Niliingia chumbani nikajitazama mabega kwenye kioo, nikaogopa, naomba niseme hivyo hivyo: niliogopa kufa.

Kituo cha afya kina benchi mbili nje na moja ndani. Ukikohoa kwenye ile ya ndani unahamishiwa nje, na ukikohoa nje watu wanasogea wenyewe, kwa adabu, kidogo kidogo, kama wanaotafuta jua. Pale nilijifunza kuangalia viatu. Muuguzi anayeshughulika na kifua kikuu, nitamwita Mama Pélagie, ni mnene, ana mikono ya joto, na siku ya majibu alinishika mkono kabla hajasema. Hiyo ilikuwa huruma ya kwanza. Aliniambia kimeshika kifua na kimepanda hadi koo, ndiyo maana sauti ilitangulia.

"Inapona, mama," akasema. "Miezi sita. Hapana kuruka hata siku moja. Mikojo itatoka ya rangi ya Fanta, usishituke."

Kisha akafungua karatasi yenye mistari kumi.

"Bon. Sasa batu. Niambie bote benye munapumua nabo mupepo moja. Ku nyumba, ku kazi, ku kanisa. Mutu mwenye unakaa naye masaa mingi, madirisha imefungwa. Usiache hata moja."

Madirisha imefungwa. Alisema hivyo hivyo, na chumba kile cha Mulekera kikanijia chote, na misumari yake.

Nikamtaja Kasereka. Nikawataja watoto. Mama mkwe, wanakwaya watatu wanaosimama karibu yangu, mwenye kibanda, na mwenzangu wa fotokopi. Mama Pélagie akaandika, akainua kalamu, akangoja.

"Njo bote?"

"Njo bote," nikasema.

Unisikilize kabla hujanihukumu. Hapa kwetu kuandikwa kwenye orodha si jambo jepesi. Wakati wa Ebola, mtu akiwekwa kwenye liste, gari lilisimama mlangoni pake siku ishirini na moja mfululizo na mtaa mzima ukajua. Shangazi yangu alikimbilia shambani akalala na mbuzi ili asiandikwe. Wote tulijifunza kufunga mdomo, na mdomo uliozoea kufungwa haujui kuwa ugonjwa umebadilika. Tena nilikuwa nimeapa. Nilijiambia: nikimtaja, wataenda, watagonga, watauliza, na saa moja baadaye Beni yote itajua. Nilijiambia ninamlinda. Nilitoka pale kichwa juu, nikiwa na dawa zangu kwenye mfuko mweusi.

Wiki mbili za kwanza watoto walihamia kwa bibi yao. Walikuja kunisalimu wakisimama uani, nami dirishani, tukapungiana mikono. Josué alikuwa ananionyesha daftari lake la hesabu kutoka pale nje, akilishika juu kwa mikono miwili. Vidonge vilikuwa vinne, vikubwa, na vilinichafua tumbo mpaka nilipogundua kuwa nikinywa uji wa mtama kwanza, nusu kikombe, vinakaa. Kumbuka hilo la uji. Magoti yaliuma. Mikojo ilikuwa Fanta kweli. Wale waliotakiwa kupimwa walipimwa, wakaonekana wazima, na Josué akapewa dawa za kujikinga. Mama wa kwaya mmoja hakunisalimu tena. Mwingine alileta mayai kila Jumatano, akayaacha kwenye kizingiti, akabisha hodi akakimbia. Namcheka mpaka leo, na nampenda.

Kasereka ndiye aliyenivunja. Kila asubuhi alisimama mbele yangu akanitazama ninavyomeza, kama alivyoagizwa, akahesabu moja, mbili, tatu, nne, lakini hakuwa ananiangalia usoni. Siku moja akasema:

"Kavira, sema tu. Huyo mutu wa Beni njo alikupatia hii kintu?"

"Ni mwanamuke," nikanong'ona. Sauti ilikuwa imebaki pumzi tu.

"Mwanamuke gani hana jina?"

Nikanywa maji yaliyobaki kikombeni. Miaka tisa ya Ijumaa, na jibu langu siku zote lilikuwa ni kazi. Alikuwa amevumilia. Sasa mke amekonda, anakohoa, na bado anaficha. Ningekuwa yeye ningefikiri mabaya zaidi. Akachukua spana zake akaenda, na kwa mwezi mzima tuliishi kwa kuhesabiana vidonge.

Kwa Mwalimu nilikuwa nimemdanganya pia. Ana simu ndogo anayoiwasha Jumapili baada ya misa tu, dakika kumi. Nilimwambia koo limechoka na kwaya, nitakuja likipona. Mwezi wa kwanza wa dawa ukapita, wa pili nao, nikapimwa tena makohozi, yakatoka safi. Mama Pélagie akacheza pale pale, akiwa na glavu mikononi. Kilikuwa kiangazi kifupi kile cha baada ya mwaka mpya, vumbi limepanda mpaka kwenye majani ya migomba. Jumapili hiyo nilimpigia Mwalimu kwa furaha.

"Niko nasikia mupepo tu," akasema. "Sauti iko wapi?"

Nikataka kujibu, na upande wa pili akakohoa.

Wewe uliyeugua unakijua kikohozi hicho. Hakifanani na cha vumbi wala cha mafua. Kinatoka chini, kinamaliza, halafu kinarudi kuchukua kilichosahau.

"Tangu lini?" nikauliza.

"Tangu Noeli. Ni vumbi. Lakini na kula sina hamu, sijui."

Simu ikazimwa, dakika kumi zilikuwa zimeisha. Nilibaki nimekaa kitandani. Nilihesabu: wiki kumi tangu karatasi ile. Wiki kumi nilikuwa ninameza dawa na kunenepa, na yeye, mwenye zaidi ya miaka sitini, alikuwa anakauka nyuma ya ua wake kwa sababu yangu, na hakuna mtu mwingine duniani aliyejua kuwa yuko ili aulize mbona anakohoa.

Nilikwenda kwenye gereji kwa miguu. Kasereka alikuwa ananawa mikono kwa petroli. Nilimwambia yote, kwa mnong'ono, mbele ya tenki la pikipiki ya mtu. Akasikiliza. Kisha akaniuliza polepole:

"Ule mwandishi? Ule mwenye aliandika ile ya chumvi?"

"Eeh."

"Ni mwanamuke?"

"Eeh."

Akakaa juu ya tairi. Lazima ujue kuwa pale gereji wana kitabu hicho cha chumvi, kimejaa grisi kila ukurasa, wanasomeana wakati wa chakula, na Kasereka ndiye anayesoma vizuri kuliko wote. "Kumbe miezi yote hii niko nachukia ule mutu," akasema, "na kila saa sita niko namusoma." Akacheka mpaka machozi, halafu machozi yakabaki peke yake. Akafuta uso kwa mkono wenye petroli, akalia zaidi kwa kuwashwa. Kisha akagonga kiti cha nyuma cha pikipiki yake akasema, "Panda moto."

Tulipanda. Nilikuwa sijapita njia ya Kabasha, ya kwenda Beni, tangu mvua zile. Kwenye mteremko upepo uliniingia kifuani nikaufurahia, maana ulipita. Tulipofika Mulekera, Kasereka alibaki nje ya kiwanja. Alivua kofia akausalimu ua. Nilicheka, lakini nilijua anamaanisha.

Mwalimu hakugeuka nilipoingia. Shingo yake naijua kuliko uso wake, nimeitazama miaka tisa, na siku ile ilikuwa na mifupa nisiyowahi kuiona. Nikavuta kiti. Nikafungua mlango kwanza, akanung'unika.

"Nimekuja tu kukusalimu," nikasema.

Akagonga meza.

"Niko na tuberculose. Tangu mwezi wa kumi na mbili niko nakunywa dawa. Uko nayo pia, nafikiri. Mi njo nilikuletea."

Hakugonga.

"Baliniuliza majina ya batu. Yako niliiacha, juu ya kukulinda."

Akagonga. Niliingiwa na hasira, nikasema tena, nimekulinda, niliapa, na akagonga tena, kwa nguvu, mpaka kikohozi kikamshika. Niliona mabega yake yakiruka. Alipomaliza nikasikia jambo ambalo sikuwa nimejiambia hata mimi likitoka kwa ile pumzi yangu.

"Nilitaka nikuwe mimi peke yangu. Mwenye anakujua. Kama bengine bangekujua, mi ningekuwa tu mutu wa fotokopi."

Kalamu haikusogea.

Akageuka. Sikumbuki mara nyingi alizowahi kunitazama usoni. Macho yalikuwa makubwa katika uso mdogo, na hayakuwa na hasira, na hilo liliniumiza zaidi.

"Nikienda kule," akasema, "bataandika jina yangu. Bitabu itakwisha."

"Usipoenda utakwisha weye. Mi nitalia, na hapana juu ya bitabu."

Kisha akafunga daftari, akaliweka chini ya godoro, akauliza kama watu bado wanakunywa uji kabla ya kwenda hospitali.

Tulikwenda kituo cha afya cha kwao asubuhi yake. Sisi tulikuwa tumelala kwa binamu ya Kasereka, kule Ruwenzori, na milima ilikuwa wazi kabisa. Mwalimu alikuja na kitenge kichwani, akakaa kwenye benchi katikati ya wanawake wa mtaa wake ambao alikuwa amewasikiliza miaka ishirini na hawakuwahi kumwona vizuri. Alikohoa. Walisogea kidogo kidogo. Yeye akawatazama viatu, mmoja mmoja, na mimi ninayemjua nikaona kuwa anafanya kazi.

Muuguzi wa pale ni kijana wa haraka, meza yake iko karibu na mlango, kila neno linasikika.

"Kazi?"

Mwalimu akaangalia kucha zake zenye udongo.

"Mulimaji?" akamsaidia, akaanza kuandika.

Ingekuwa rahisi. Analima mchicha, si uongo. Lakini niliona kidole chake kikigusa pembe ya meza mara moja.

"Futa," akasema. "Niko naandika bitabu."

"Bitabu gani?"

Akataja lile jina la kiume. Mama mmoja aliyekuwa na mtoto mgongoni, baadaye nilimjua kama Mama Asinati wa nyumba ya tatu, akasimama akasema, "Ile ya chumvi?"

Kijana akaona haya, akafungua karatasi ya mistari kumi. Nani munapumua naye mupepo moja, akauliza.

"Kavira," akasema Mwalimu.

"Mwingine?"

"Hakuna."

"Mama, fikiri muzuri. Nyumba, kanisa, jirani, mwenye anakuletea maji..."

"Nimesema. Ni huyu tu."

Kijana alishika kalamu juu ya mistari tisa iliyobaki, kisha akapiga mstari mmoja kuanzia juu hadi chini. Nilitoka nje nikalia nyuma ya tenki la maji. Nilikuwa nimetamani kuwa peke yangu katika orodha ya mtu yule. Nikaona tamaa hiyo inavyoonekana kwenye karatasi.

Alikuwa nacho. Alianza dawa wiki hiyo hiyo, na mvua za mwezi wa tatu zikamkuta kitandani, zikamwacha ameketi. Pafu la kushoto limebaki na kovu. Yule kijana alisema, bila kunilaumu, kwamba tungewahi lisingekuwepo. Wiki kumi zile ni zangu. Nazibeba. Ukiulizwa majina, ndugu yangu, taja yote, hata yule uliyeapa, hata yule anayekuonea aibu. Kiapo kinaweza kuombewa msamaha kwa mtu aliye hai.

Alihitaji mtu wa kumtazama akimeza kila asubuhi, na mimi niko Butembo. Mama Asinati akasema atakuja yeye. Mwalimu alininung'unikia kwenye simu kwamba mwanamke yule anaongea mno, kwamba anahesabu vidonge huku akisimulia habari za mkwewe. Mwezi wa pili wa dawa akaacha kunung'unika. Mwezi wa tatu aliniomba nimtumie madaftari mengine manne.

Mimi nilimaliza dawa wakati wa kuvuna maharagwe. Sauti ilirudi, lakini si ile; imeshuka, ina mchanga ndani. Kwaya wamenihamisha kwa wale wa sauti nzito, nasimama karibu na wanaume. Nililia Jumapili ya kwanza, ya pili nikazoea. Mwalimu, nilipomsomea tena, alisikiliza kurasa mbili akasema, "Ya zamani ilikuwa inaimba. Hii inasema. Endelea." Na Kasereka ametuma salamu kwamba pikipiki ya sura ya saba haiwezi kuzimika vile alivyoandika, ikabadilishwa, na sasa gerejini hakuna anayeweza kuzungumza naye kwa majivuno yake.

Mwezi wa tisa, mvua za kupanda zilipoanza tena, nilishuka Mulekera Ijumaa moja. Penye kona Mama Asinati na wenzake wawili walikuwa wanachambua maharagwe. Mbele yao alisimama bwana wa makamo aliyevaa shati la mikono mirefu, kinasa sauti mkononi, na chini ya kwapa kile kitabu cha chumvi. Nikamsikia akiuliza anakokaa mwandishi wa kitabu kile. Watu wa benchi wamesema, nikawaza.

"Mwandishi?" Mama Asinati hakuinua kichwa. "Hapa tunalimaka tu, papa."

"Baliniambia ni lupango ya ua murefu."

"Ile? Ile ni ya mama moja wa tuberculose. Uko na cache-nez ya kufunika mudomo?"

Bwana akarudi hatua moja.

"Iko nayo ya mubaya," akasema wa pili.

"Ile inarukiaka batu," akasema wa tatu, akapuliza maganda.

Mwalimu alikuwa amemaliza dawa zake wiki mbili zilizopita. Wote watatu walikuwa wamekula naye bugali siku ile, na kuku.

Bwana akanigeukia mimi. Alikuwa na uso wa mtu aliyesoma vizuri, aliyetoka mbali.

"Mama, nakuomba. Weye unamufahamu?"

Miaka tisa nilikuwa nimengoja mtu aniulize swali hilo. Nilimtazama Mama Asinati, naye kwa mara ya kwanza akaacha maharagwe akanitazama, mikono imesimama hewani.

Nikaweka ngumi mdomoni, nikakohoa, kikohozi kirefu cha kutoka tumboni, mpaka yule bwana akaanza kutafuta pikipiki ya kumrudisha mjini.